Lori langu limeshikwa na mchanga wa mto, naambiwa litapigwa mnada

Ami, shikamoo.

Mimi ni mama wa watoto watatu, nakaa Kisauni, na naomba barua yangu uipe nafasi mapema maana siku zinanikimbia. Nina lori moja, tipa ya magurudumu kumi. Marehemu mume wangu alikuwa dereva wa malori ya bandarini. Alipofariki nilichukua mafao yake, nikaongeza mkopo wa sako, nikanunua tipa hii ili watoto wasitoke shule. Nalipa shilingi 48,000 kila mwezi na bado miezi 19. Kazi yake ni kubeba kokoto, mawe na mchanga kupeleka saiti za Bamburi, Utange na Mtwapa.

Wiki tatu zilizopita, usiku wa kuamkia Jumatatu, dereva wangu na utingo wake walikamatwa kaunti jirani wakitoka mtoni na mchanga. Ilikuwa saa nane za usiku. Dereva alinipigia akasema, "Mama, tumeshikwa, wanataka karatasi." Tulikuwa na risiti ya sesi ya kaunti, ya siku mbili nyuma, nikamwambia awaonyeshe. Hawakuitaka. Lori likapelekwa kituoni na wao wakalala ndani. Mchana wake waliachiliwa kwa shilingi 15,000 nilizotuma kwa simu, kwa namba ya mtu niliyepewa. Risiti sikupata. Kortini hawakufikishwa, na mpaka leo hawajaitwa.

Lori limebaki kule. Nimekwenda mara nne. Mara ya kwanza niliambiwa mwenye faili hayupo. Ya pili nikaambiwa kesi ni ya mazingira, nisubiri watu wa mazingira. Ya tatu nikatakiwa nirudi na logibuku. Jumanne iliyopita nilirudi nayo, nikalizunguka lori langu. Mvua imelipiga, na juu ya ule mchanga yameota majani mabichi kabisa, kama kitalu cha mchicha. Betri haipo. Nilisimama pale nikashindwa hata kuuliza nilichokwenda kuuliza.

Nilipokuwa natoka, kijana mmoja aliyevaa kiraia akanifuata hadi langoni. Akaniambia lori limeshataifishwa, limo kwenye orodha ya mnada wa Ijumaa ya wiki ijayo, lakini nikimpa 120,000 atalitoa kabla halijasomwa. Nimeanza kuzitafuta. Nimefikisha 70,000, nyingi zake nimekopa kwa wenzangu wa chama.

Mpwa wangu naye alinisomea kwenye simu kwamba sheria ya mchanga wa mtoni inampa mkuu wa wilaya uwezo wa kulitaifisha gari mwenyewe, na kwamba mwenye gari akilipa thamani yake hurudishiwa. Sasa sijui nimwendee nani.

Kuna na jingine, Ami, wala sitaki kukuficha. Nilijua mchanga wa usiku ni rahisi kuliko wa mchana. Dereva aliniambia tangu mwaka jana, nami sikumkataza, nilimwambia awe mwangalifu tu. Wenye malori wengi wa stendi yetu wanafanya hivyo, na mteja hataki kusikia bei ya juu.

Je, wanaweza kuliuza? Nimlipe yule kijana? Dereva anadai mshahara wake na anasema kosa si lake. Na mteja wa Utange anataka nimrudishie 30,000 alizotanguliza. Nisaidie, Ami, nimechoka kulia.

Mwenye Tipa, Kisauni


Marahaba, mwanangu. Mungu amrehemu mwenzio na akuongezee subira.

Nianze na pesa, maana ndizo zenye haraka. Zile 70,000 zirudishe kwa wenzako wa chama leo hii. Yule kijana usimpe hata senti moja, na akikupigia mwambie ajitaje jina na cheo. Mnada anaokutishia hauwezi kuwapo kihalali, na nitakuonyesha kwa nini. Ukimlipa utakuwa mkosaji kama yeye: Sheria ya Hongo ya 2016 humshika mtoaji sawa na mpokeaji, na adhabu yake inafika kifungo cha miaka 10 au faini ya shilingi milioni 5. Utakuwa umeingia pale kama mwenye lori na kutoka kama mshtakiwa, na lori bado limo ndani.

Nilifanya kazi masjala ya mahakama huku Pwani kwa miaka mingi, na katika kesi za magari kulikuwa na maneno matatu ambayo watu waliyachanganya kila siku: kukamata, kushikilia na kutaifisha. Yule kijana anakula kwa kuyachanganya.

Kukamata gari, askari anaweza. Mkaguzi wa mazingira pia anaweza. Kifungu cha 117 cha Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya 1999, hii tunayoiita EMCA, kinampa ruhusa ya kukamata gari analoamini, kwa sababu za maana, kwamba limetumika katika kosa. Kwa hiyo usiku ule barabarani, kulisimamisha na kulipeleka kituoni peke yake hakukuwa uonevu, hata kama kumekuuma. Kushikilia ndiko kunakofuata: lori linawekwa kama kielelezo cha kesi. Hapo mahakama inatakiwa iwe imeingia. Kifungu cha 121 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kinasema kitu kilichokamatwa na kuletwa mbele ya mahakama kinaweza kuzuiliwa mpaka kesi au upelelezi umalizike, na kitunzwe kwa uangalifu unaostahili. Lori lililoota majani na kuibiwa betri halijatunzwa hivyo.

Kutaifisha ni jambo jingine kabisa. Maana yake lori linaacha kuwa lako na kuwa la serikali, na katika sheria hii ya mazingira mwenye uwezo huo ni mahakama ambayo mtu ameshtakiwa mbele yake. Kifungu cha 146 ndicho kinachosema kwamba mahakama hiyo inaweza kuamuru vifaa vilivyotumika katika kosa vitwaliwe na serikali. Sasa tazama mambo yako. Dereva hajashtakiwa, hakuna hati ya mashtaka iliyosomwa, wala hakuna hakimu aliyeliona faili. Nani basi aliyetoa amri ya mnada? Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 40, inaikataza serikali kumnyang'anya mtu mali yake kiholela, na kuliuza lori lako kwa neno la mtu wa langoni kungekuwa hivyo hasa.

Na hata dereva wako akishtakiwa kesho na akapatikana na hatia, lori haliendi hivihivi. Kuna kifungu ambacho natamani kingebandikwa katika kila stendi ya malori kuanzia Changamwe hadi Mtwapa: 389A cha hiyo Sura ya 75. Pale ambapo sheria inasema kitu kinaweza kutaifishwa, na haikuweka utaratibu wake, kifungu hiki ndicho utaratibu. Mahakama ikiona kuna haja ya kukitwaa, lazima kwanza impelekee mwenye nacho ilani ya siku na mahali, aje aeleze kwa nini kisitwaliwe. Asipopatikana, ilani itangazwe gazetini. Akija, anasikilizwa. Na ikiwa mahakama itaona kwamba mwenye mali hana hatia katika kosa lile, na kwamba hakujua wala hakuwa na sababu ya kudhani mali yake itatumika hivyo, na kwamba alichukua kila hatua ya busara kuzuia isitumike hivyo, basi mali hiyo haitwaliwi.

Soma tena hayo masharti, mwanangu, halafu soma barua yako mwenyewe. Uliniandikia kwamba ulijua mchanga wa usiku ni rahisi, kwamba dereva alikuambia tangu mwaka jana, na kwamba ulimwambia awe mwangalifu. Nakupenda kwa ukweli wako, lakini ukweli huo unalifunga lile sharti la kutojua na lile la kuchukua hatua. Huwezi kusimama mbele ya hakimu useme hukujua. Atatokea wakili mjanja akuambie uape hivyo, maana mwenye lori asiyejua ndiye anayesalimika. Usikubali. Kiapo cha uongo ni kosa la jinai, na dereva wako akiulizwa chini ya kiapo atasema alichosema nawe. Utapoteza lori na heshima pamoja.

Bado una la kusema, tena la kweli. Kifungu cha 146 kinasema mahakama inaweza. Hakisemi ni lazima. Hakimu ana nafasi ya kupima. Atataka kujua kama ni mara ya kwanza, kama lori hili ndilo linalolisha watoto watatu, kama kuna mkopo juu yake, na umebadilisha nini tangu siku ile. Hilo la mwisho ndilo zito. Nakumbuka mzee mmoja mwenye kenta, gari lake lilikamatwa na mchanga, akaja mahakamani na daftari la shule lenye jalada la buluu. Kila safari ilikuwa na mstari wake: tarehe, dereva, mchanga umepakiwa wapi, kwa nani, saa ngapi, na risiti imebanwa pembeni kwa pini. Hakimu alilipekua ukurasa baada ya ukurasa, chumba kizima kimya, mpaka pini moja ikamchoma kidole. Daftari lile lilimtetea mzee kuliko wakili wake. Wewe huna daftari la jana, lakini la leo unaweza kulianza.

Hapo hapo niiguse ile risiti ya sesi, kwa sababu wenzako wengi wanaibeba kama hirizi. Sesi ni ushuru. Inaonyesha umeilipa kaunti kwa mzigo uliopita barabarani, haionyeshi kwamba mchanga ulitoka mahali palipokubaliwa kuchotwa. Na yako ilikuwa ya siku mbili nyuma, yaani ya mzigo mwingine. Kifungu cha 42 cha EMCA kinakataza kuchimba au kuvuruga mto bila idhini ya maandishi inayotolewa baada ya tathmini ya athari kwa mazingira, na adhabu ya jumla ya sheria ile tangu marekebisho ya 2015 ni faini kati ya shilingi milioni 2 na milioni 4, au kifungo kati ya mwaka 1 na miaka 4, au yote mawili. Juu yake kuna Mwongozo wa Kitaifa wa Uvunaji Mchanga, uliotolewa na NEMA, mamlaka ya kitaifa ya mazingira, mwaka 2007. Huo ndio unaotaka kazi ifanywe kati ya saa kumi na mbili asubuhi na saa kumi na mbili jioni, lori lipakie katika vituo vilivyotengwa, vituo hivyo viwe umbali wa mita 50 au zaidi kutoka ukingoni, kingo zenyewe zisiguswe, na pasichotwe mchanga ndani ya mita 100 za daraja, barabara au reli. Kaunti nazo zina sheria zake. Makueni ilipitisha ya kwake mwaka 2015 na kuunda mamlaka maalum ya mchanga. Ndiyo maana swali la kwanza la kumuuliza mwenye faili ni hili: mnalishikilia lori langu kwa sheria gani na kifungu kipi? Mwongozo peke yake si kosa la kumshtaki mtu. Lazima ataje sheria.

Aliyoyasoma mpwa wako ni ya Kerala, India. Wao wana sheria ya mwaka 2001 ya kulinda kingo za mito na kudhibiti uchotaji mchanga, na humo mkuu wa wilaya, wanayemwita Kolekta, ana uwezo mkubwa juu ya magari yaliyokamatwa. Mpwa wako hakusoma uongo, ila amesoma ya nchi nyingine. Usipoteze siku akakupeleka kwa naibu kamishna wa kaunti, maana hana lori la kukupa.

Sasa nikuambie kilicho moyoni mwangu kuhusu huu mchanga wa usiku, kisha nirudi kwenye lori. Nilizaliwa upande wa Kinango. Mito yetu mingi kule ni ya msimu. Mvua ikipita mto unakauka juu, maji yanabaki chini, ndani ya mchanga. Mama yangu alikuwa akipiga magoti katikati ya mto mkavu, anafukua kwa mikono mpaka kiwiko, anangoja. Maji yanakuja taratibu, kwanza ya tope, anayamwaga, kisha masafi, anayateka kwa kata ya nazi mpaka ndoo ijae. Ule mchanga ndio uliokuwa tangi letu. Ukiuondoa wote mpaka mwamba ukaonekana, mvua ikinyesha maji yanapita mbio kwenda baharini na mama wa kijiji hana pa kufukua. Wala usidhani ni shida ya vijijini tu. Maji ya bomba yanayofika kwenu Kisauni kupitia matangi ya Nguu Tatu yanatoka Baricho, kwenye visima vilivyochimbwa katika mchanga na udongo ulioletwa na mto Sabaki. Mchanga wa mto ndio unaoyahifadhi na kuyachuja kabla hayajakufikia jikoni. Nasikitika kwa lori lako, mwanangu, nasikitika kwa dhati, lakini sheria hii siwezi kuitukana. Ninachokitaka ni itumike kortini, mchana, kwa maandishi, siyo langoni kwa minong'ono.

Basi fanya hivi. Kesho andika barua kwa mkuu wa kituo, nakala mbili, moja ipigwe muhuri wa kupokelewa ubaki nayo. Taja namba za usajili, siku lilipokamatwa, majina ya dereva na utingo, namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo. Omba uambiwe kwa maandishi sababu ya kushikiliwa na sheria inayotumika. Haki ya kupewa sababu za maandishi imo katika kifungu cha 47 cha Katiba na katika Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015. Omba orodha ya vitu vilivyokamatwa pamoja na lori. Taja kwamba betri haipo. Piga picha za lori kila upande, na hayo majani juu ya mchanga yaonekane, kwa sababu yanasema muda kuliko barua yoyote. Ukikatazwa kupiga, mwende wawili, mwenzako awe shahidi wa ulichokiona.

Zile 15,000 nazo ziandikie mstari wake. Dhamana ya polisi haina malipo. Ikiwa ni dhamana ya pesa taslimu, hutolewa risiti na hurudishwa kesi ikiisha. Pesa iliyokwenda kwa simu ya mtu bila risiti si dhamana. Ujumbe wa M-Pesa usiufute; una jina, saa na namba. Pamoja na habari za yule kijana wa langoni, upeleke kwa Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi, wana ofisi hapa Mombasa, na kama ni askari, kwa mamlaka huru ya kusimamia polisi, IPOA. Huenda ukaogopa kwamba ukilalamika lori litakaa zaidi. Hofu hiyo naielewa. Kwa hiyo tangulia mahakamani kwanza, ili lori liwe tayari chini ya jicho la hakimu, kisha ulalamike.

Ombi lenyewe hupelekwa mahakama ya hakimu ya eneo lile lori liliko, siyo lazima mahakama za hapa Mombasa. Kwa vile hakuna aliyeshtakiwa, litafunguliwa kama ombi dogo la jinai, pamoja na kiapo chako. Unaomba moja kati ya mawili: ama lori liachiliwe kwa kuwa hakuna kesi, ama, ikiwa wanakusudia kushtaki, lipigwe picha, lipimwe, kisha urudishiwe kwa masharti hadi kesi iishe. Masharti ya kawaida ni usiliuze, usilibadilishe rangi wala injini, na ulilete siku yoyote utakayoitwa. Mahakama zetu hutoa amri za namna hii mara kwa mara, kwa sababu picha zinatosha kuthibitisha lori ni lipi na hakuna faida ya kielelezo kuozea uani. Katika kiapo sema ukweli, pamoja na ule ulioniambia mimi ukiulizwa. Weka logibuku, taarifa ya mkopo na ratiba ya malipo, ile barua yenye muhuri, na picha. Faili siku hizi hufunguliwa kwa mtandao, lakini masjala wanaosaidia wasio na wakili wapo. Waulize bila haya, nilikuwa mmoja wao. Ukitaka wakili na huna uwezo, kuna Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria iliyoundwa na Sheria ya 2016, na hapa mjini mashirika ya haki kama MUHURI huwaelekeza watu.

Siku hiyo hiyo nenda sako. Najua ungependa wasijue. Lakini tazama logibuku: mara nyingi mkopeshaji ameandikishwa pamoja nawe. Ikiwa hivyo, hata yeye ni mwenye maslahi chini ya 389A, anaweza kuja kupinga lisitaifishwe, na ana wakili. Tena ukiwaambia mapema unaweza kuomba miezi miwili ya kupumua. Wakilisikia kutoka kwa dalali, hutaomba kitu.

Swali jingine litakaloulizwa ni la uzito. Tipa ya ekseli tatu kikomo chake barabarani ni tani 26 pamoja na lori lenyewe, na mchanga unaotoka mtoni usiku hupakiwa ukiwa umebeba maji. Ukikuta kosa la pili la kuzidisha uzito katika hati ya mashtaka, usishtuke, lakini uliza lilipimwa mizani ipi na risiti ya mizani iko wapi. Kilo za kukadiria kwa macho zipinge.

Dereva mlipe mshahara wa siku alizofanya kazi, wala usimtupe. Alikwenda mtoni huku wewe ukijua. Akishtakiwa, ushahidi wake na wako ukiwa mmoja, nyote mtasimama vizuri zaidi mbele ya hakimu. Ukitaka kumwachisha, Sheria ya Ajira ya 2007 inakutaka umwite umsikilize kwanza, akiwa na mwenzake wa kazi au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi akipenda. Mteja wa Utange mwandikie mkubaliane awamu. 30,000 ni deni la kweli, na akikupeleka Mahakama ya Madai Madogo atashinda.

Na lori likitoka, mchanga wa usiku uishe. Nunua kwenye kituo kilichotengwa, mchana, dai karatasi inayoonyesha umepakia wapi na ruhusa ya wanaochota, na bei mpya mwambie mteja kabla lori halijawashwa. Wengine watakukimbia. Daftari linunue leo, kabla ya kwenda mahakamani, uandike katika mstari wa kwanza maagizo uliyompa dereva, na yeye atie sahihi.

Kisha ombi likiandikwa, hakikisha linaomba lori peke yake. Huo mchanga ulioota majani usiudai. Waache waumwage wanapotaka, na kama hakimu ataamuru urudishwe mtoni, toa wewe mwenyewe dizeli ya safari hiyo.

Ami